Nikeli ile ile, ligandi nne, maumbo mawili

Swali limetoka kwa mwalimu wa kemia wa Senior Five na Six, Kasese, magharibi mwa Uganda: "Wanafunzi wangu wamenibana. [Ni(CN)₄]²⁻ ni bapa, [NiCl₄]²⁻ ina umbo la tetrahedroni. Nikeli ni ile ile, chaji ni ile ile, ligandi ni nne huku na nne kule. Nawaambia 'sianidi ni ligandi yenye nguvu', lakini naona hawajashiba. Mtu anatabirije umbo kabla ya kufungua kitabu? Na kuna jaribio gani la kuonyesha tofauti hiyo bila kugusa sianidi na bila mashine ya mamilioni?"

Mwalimu, wanafunzi wako wana haki ya kutoshiba. Ligandi ni ioni au molekuli zinazoshika metali iliyo katikati; katika umbo bapa nne hukaa kwenye pembe za mraba, katika tetrahedroni kwenye pembe za piramidi yenye nyuso nne za pembetatu. Kusema "ligandi yenye nguvu" ni kutaja jina la sababu bila kuieleza. Kinachoamua ni bei ya nishati ya obitali moja ya d, yaani dx²−y² (obitali ni chumba cha elektroni, hubeba mbili tu), na kama elektroni za nikeli zinakubali kuilipa.

Anza na hesabu ya elektroni, maana bila hiyo mengine yote ni kukariri. Nikeli ni elementi ya 28. Ikipoteza elektroni mbili za 4s inabaki na 3d⁸. Elektroni nane katika obitali tano: tatu zimejaa, na elektroni mbili zinazosalia ama zinakaa kila moja kwenye obitali yake, ama zinabanana katika obitali moja na kuacha ya tano tupu. Shauri lote liko hapo.

Sasa chukua oktahedroni, ligandi sita, kisha vuta zile mbili za juu na chini kwenye mhimili wa z uzitoe kabisa. Obitali zote zenye sehemu upande wa z zinapata nafuu. dz² inashuka sana, dxz na dyz zinashuka kidogo. Ile inayotazama ligandi nne zilizobaki uso kwa uso, dx²−y², inapanda na kubaki peke yake juu. Ukipima kwa Δo, yaani pengo la nishati kati ya obitali za d za juu na za chini katika oktahedroni, modeli ya uga wa fuwele inatoa: dx²−y² iko +1.228, dxy +0.228, dz² −0.428, na dxz pamoja na dyz −0.514. Tazama pengo kati ya mbili za juu: 1.228 toa 0.228 ni 1.000, Δo kamili. Kwa hiyo kanuni ya kwanza ya kuandika ubaoni ni kwamba d⁸ hukubali ubapa pale Δo inapozidi gharama ya kubananisha elektroni mbili.

Fananisha na taksi ya abiria kumi na wanne inayotoka Kasese kwenda Fort Portal. Watu hukaa kila mmoja kwenye kiti chake mpaka viti viishe, hapo ndipo wanaanza kubanana. Lakini kiti kilichobaki kikiwa juu ya keria kwenye paa, hakuna atakayekipanda. Watabanana wawili kiti kimoja na safari itaendelea. dx²−y² katika umbo bapa ni kiti cha kwenye keria. Katika tetrahedroni hakuna keria: pengo la obitali ni dogo, takriban 4/9 ya Δo, viti vyote viko ndani, na elektroni mbili hukaa mbalimbali.

Wenye bidii wafanye jumla wenyewe. d⁸ bapa: 2(0.228) + 2(−0.428) + 4(−0.514) = −2.456 Δo. d⁸ ya tetrahedroni: 4(−0.267) + 4(0.178) = −0.356 Δo. Ubapa unaleta faida ya 2.1 Δo, kisha unakatwa gharama ya jozi moja ya ziada. Tarakimu hizi zinachukulia ligandi kuwa nukta za chaji tu, kwa hiyo zinafaa kuonyesha mwelekeo na hazifai kunukuliwa kama nishati halisi ya kompleksi fulani, yaani metali pamoja na ligandi zake.

Hapo mwanafunzi mjanja atauliza: kama faida ni kubwa hivyo, mbona kloridi haifanyi umbo bapa? Kwa sababu mbili zinazosaidiana. Kloridi inazaa Δo ndogo, kwa hiyo hata 2.1 ya kitu kidogo haitoshi kulipia jozi. Pili, ioni nne za kloridi ni nene na zote zina chaji hasi. Kwenye mraba zinakaa nyuzi 90 kutoka kwa jirani, kwenye tetrahedroni nyuzi 109.5. Zikipewa nafasi ya kutawanyika zinatawanyika. Sianidi ni nyembamba kama kijiti, inashika kwa kichwa cha kaboni, na Δo yake ni kubwa. Haibanwi na majirani, na pengo lake linalipa gharama na chenji inabaki.

Ukishuka safu ya nikeli hadi paladi na platini, mjadala unaisha. Obitali za 4d na 5d zimetanuka zaidi, Δo inakua, na kubanana kunakuwa rahisi kwa sababu elektroni zina nafasi kubwa zaidi. Ndiyo maana [PdCl₄]²⁻ na [PtCl₄]²⁻ ni bapa ingawa ligandi ni kloridi ile ile iliyoshindwa kwa nikeli. Rodi(I), iridi(I) na dhahabu(III) nazo ni d⁸ na tabia ni hiyo hiyo. Mtu akikuletea Pt(II) yenye ligandi nne, andika "bapa" na uendelee na swali linalofuata.

Nikeli ndiyo yenye kusitasita, na hilo ndilo linaloifanya ipendeze kufundishia. Kompleksi NiCl₂ yenye trifenilifosfini mbili kwa kawaida ni ya tetrahedroni, ina rangi ya buluu iliyokolea na inavutwa na sumaku, kwa kuwa elektroni zake mbili zimekaa pweke. Badilisha fosfini iwe ya trisikloheksili, inayosukuma elektroni zaidi, upate kompleksi nyekundu, bapa, isiyovutwa. Na NiBr₂ yenye benzilidifenilifosfini mbili hupatikana kwa maumbo yote mawili, ya kijani na nyekundu. Mizani ikikaribiana hivyo, hakuna kanuni ya ubaoni itakayokuokoa. Unapima.

Onyo moja kabla ya maabara. Wanafunzi wengi huleta kanuni ya kusukumana kwa jozi za elektroni, ile waliyojifunza kwa methani na amonia, wakaipaka kwenye metali za mpito. Haifanyi kazi hapo. XeF₄ ni bapa kweli, lakini ni bapa kwa sababu xenoni ina jozi mbili huru, juu na chini, zinazozisukuma florini nne zikae kwenye mraba. Nikeli haina jozi za namna hiyo, na elektroni zake za d hazihesabiwi kama jozi huru. Umbo ni moja, sababu mbili tofauti. Anayetumia sababu ya xenoni kueleza nikeli amekosea hata kama jibu lake la mwisho ni sahihi.

Sasa maabara. Sianidi isiingie darasani kwa hali yoyote: ikikutana na asidi hutoa gesi inayoua. Badala yake tumia dimethilglioksimu, ambayo mkemia Mrusi Chugaev aliitambulisha mwaka 1905 kama kitambulishi cha nikeli. Molekuli mbili zake hushika nikeli kwa nitrojeni nne zilizo kwenye mraba, na zenyewe hufungana kwa vifungo viwili vifupi vya hidrojeni, oksijeni kwa oksijeni. Kompleksi nzima inakuwa kama sahani.

Pima gramu 0.263 za NiSO₄·6H₂O, yaani milimoli moja. Ziyeyushe katika mililita 100 za maji na utie matone machache ya asidi hidrokloriki hafifu mpaka karatasi ya pH isome 2 au 3. Pasha hadi nyuzi 70. Tia mililita 28 za dimethilglioksimu ya asilimia 1 katika ethanoli. Hesabu kamili ni mililita 23, zinazobaki ni ziada ya kuhakikisha. Bado hutaona kitu, na ndivyo inavyotakiwa. Kisha dondosha amonia hafifu tone kwa tone huku ukikoroga mpaka harufu yake ibaki juu ya bika. Mashapo mekundu kama waridi yatajaa bika, mengi kuliko mwanafunzi anavyotarajia. Acha yatulie saa moja, chuja kwa karatasi iliyokaushwa na kupimwa, osha kwa maji baridi, kausha kwa nyuzi 110 hadi 120 kwa saa moja. Uzito unaotarajiwa ni gramu 0.289, na asilimia 20.3 ya uzito huo ni nikeli.

Mpangilio huo, dimethilglioksimu kwanza na amonia baadaye, una maana. Ukianza na amonia, mashapo hutoka kwa ghafla yakiwa laini kama vumbi na kuziba karatasi ya kuchujia. Ukizidisha moto kupita nyuzi 80, ethanoli hupotea na dimethilglioksimu yenyewe, isiyopenda maji, hujitenga kama fuwele nyeupe na kuongeza uzito wa uongo. Ukizidisha ethanoli, kinyume chake hutokea: mashapo mekundu huyeyuka kidogo na uzito unapungua. Usiache ethanoli ivuke theluthi ya ujazo wote. Uzito ukiwa mdogo na maji ya kuchuja bado yana ukijani, pH ilibaki chini ya 5, kwa hiyo ongeza amonia. Mashapo yakitoka na rangi ya kutu, chumvi yako ina chuma. Tia gramu moja hivi ya asidi tartariki kabla ya amonia, itakishika chuma kisishuke. Glavu ni lazima, maana nikeli huleta mzio wa ngozi na vumbi la chumvi zake likivutwa linahusishwa na saratani. Kusanya mabaki yote kwenye chupa yenye lebo, yasiende kwenye sinki.

Kuna jambo zuri la kuonyesha hapo hapo. Chukua chembe kidogo ya unga huo mwekundu, uuyeyushe katika kloroformu ndani ya neli, mahali penye hewa inayopita. Rangi inageuka manjano. Ndani ya fuwele zile sahani zimepangwa moja juu ya nyingine kama chapati kwenye sinia, nikeli juu ya nikeli, umbali wa angstromu 3.25 hivi, na mpangilio huo ndio unaoleta wekundu. Zikitawanyika kwenye kloroformu, wekundu unatoweka. Molekuli isiyokuwa bapa isingeweza kupangwa hivyo, kwa hiyo mwanafunzi anaona ubapa kwa macho yake, ingawa kwa njia ya kuzunguka.

Ushahidi ulio wazi zaidi ni wa sumaku, na mizani ya kidijitali ya gramu 0.01 inaweza kutosha, ya 0.001 ni bora. Tafuta sumaku ya neodimiamu. Diski ngumu mbovu ya kompyuta huwa nayo ndani, na mafundi wa kompyuta huzitupa. Sumaku nyeusi za spika za redio kwa kawaida ni dhaifu mno kwa kazi hii. Geuza kikombe cha plastiki juu chini kwenye mizani, bandika sumaku juu yake, rudisha mizani kwenye sifuri. Kikombe si pambo: sumaku ikikaa moja kwa moja kwenye sinia ya mizani huvuruga vifaa vya ndani. Shusha neli yenye chumvi kavu mpaka ibakie milimita moja au mbili juu ya sumaku bila kuigusa, huku neli imeshikwa na kibanio cha stendi, maana mkono hutetemeka. Chumvi inayovutwa huinua sumaku, na mizani husoma hasi. Isiyovutwa husukuma sumaku chini kidogo sana, na mizani husoma sifuri au chanya ndogo.

Linganisha gramu moja ya NiSO₄·6H₂O na gramu moja ya unga mwekundu. Kwa gramu moja ya unga zidisha vipimo vya juu mara nne, na maji pia, ili ethanoli isivuke mpaka. Sulfati inavutwa, elektroni zake mbili zimekaa mbalimbali. Unga mwekundu hauvutwi, elektroni zote zimo kwenye jozi. Kwa nadharia, elektroni mbili pweke hutoa momenti ya sumaku ya √8, yaani magnetoni za Bohr 2.83, na bapa hutoa 0. Anza na neli tupu kwanza ujue kioo chenyewe kinasoma nini. Unga mwekundu ukivutwa, mawili yamekupata: hukuosha vizuri na sulfati imebaki, au uliukwangua kwa kijiko chenye kutu, na chembe moja ya chuma inatosha kuharibu usomaji wote.

Hapo uwe mwangalifu na hitimisho, kwa sababu makosa mengi ya darasani huzaliwa hapa. Sumaku inahesabu elektroni pweke, haioni umbo. Ni(II) yenye ligandi nne isiyovutwa ni bapa, hilo ni salama. Lakini sulfati uliyoshika inavutwa kwa sababu ni oktahedroni, nikeli imezungukwa na maji sita, wala si tetrahedroni. Shaba(II) ni d⁹, ina elektroni moja pweke katika umbo lolote utakaloipa, kwa hiyo sumaku haisemi kitu. Zinki(II) ni d¹⁰, haivutwi kamwe, na [ZnCl₄]²⁻ ni tetrahedroni safi. Tena usijaribu kuonyesha [NiCl₄]²⁻ kwa kumwaga asidi hidrokloriki kwenye maji ya nikeli: maji hushinda na utabaki na kijani. Ioni hiyo ya buluu hutengenezwa katika ethanoli, pamoja na ioni kubwa chanya kama tetraethiliamonia.

Kwa Kasese, ningesema shaba ipewe nafasi, ukizingatia mlima wa Kilembe uko nyuma yenu na reli ililetwa hapo mwaka 1956 kwa ajili ya shaba hiyo. Kuna chumvi moja ya shaba inayobadili umbo mbele ya macho, [(C₂H₅)₂NH₂]₂CuCl₄. Yeyusha gramu 2.2 za kloridi ya diethiliamonia katika mililita 15 za isopropanoli, kwa moto mdogo wa maji bila mwali. Yeyusha gramu 1.7 za CuCl₂·2H₂O katika mililita 3 za ethanoli isiyo na maji. Changanya, weka kwenye barafu, na sindano za kijani kibichi zitajitenga. Chuja haraka, osha kwa isopropanoli baridi, weka kwenye chombo cha kukaushia.

Tia kiasi kidogo kwenye neli nyembamba, ziba kwa nta, tumbukiza kwenye maji na upashe. Karibu na nyuzi 52 kijani kinageuka manjano, na kikipoa kinarudi, ingawa huchukua muda. Katika baridi, hidrojeni za amonia zimeshika kloridi na kuibana ioni ya shaba ikae karibu bapa. Joto likilegeza mshiko huo, kloridi zinatawanyika na ioni inaelekea tetrahedroni iliyobonyezwa. Mchana wa joto wa Kasese haufiki nyuzi hizo, kwa hiyo chumvi itabaki kijani mezani mpaka uipashe mwenyewe.

Swali la isoma, yaani atomi zile zile kwa mpangilio tofauti, litafuata tu, basi wape kiazi na vijiti vinne vya meno, viwili vimepakwa wino. Vijiti vikichomekwa kwenye mraba, kuna mipangilio miwili: vya wino vikae jirani, au vitazamane. Kwenye tetrahedroni, geuza upendavyo, ni mpangilio mmoja. Mkemia Alfred Werner alitumia hoja hiyo mwaka 1893, kabla hakujawa na njia ya kuona atomi kwa mionzi: Pt(NH₃)₂Cl₂ ilijulikana kwa aina mbili, kwa hiyo haiwezi kuwa tetrahedroni. Ile yenye kloridi jirani ndiyo sisiplatini, dawa ya saratani. Huchanganywa kwenye maji ya chumvi ya asilimia 0.9 ili kloridi isiachie platini mapema, na sindano yenye alumini hairuhusiwi, maana alumini hutoa mashapo meusi na dawa hupungua nguvu.

Ukitaka kuitengeneza ubaoni, mfuatano unaamua. Kloridi hulegeza ligandi iliyo upande wake wa pili kuliko amonia inavyofanya, jambo ambalo mkemia Mrusi Chernyaev alilieleza mwaka 1926. Anza na [PtCl₄]²⁻ uongeze amonia. Ya kwanza ikishaingia, ya pili itachukua nafasi ya kloridi inayotazamana na kloridi, na utapata jirani. Anza na [Pt(NH₃)₄]²⁺ uongeze kloridi, utapata zinazotazamana. Wachore hatua kwa hatua, kishale kwenye kifungo kinacholegea. Anayeruka hatua hiyo hubahatisha, na nusu ya wanaobahatisha hupata jibu sahihi, ndiyo maana ni vyema kutoa alama kwa kishale badala ya mchoro wa mwisho.

Na zile sindano za kijani: hunyonya unyevu vibaya sana. Zikiachwa wazi asubuhi moja ya mvua zitakuwa uji. Vifuko vya silika vinavyokuja kwenye maboksi ya viatu vinatosha kuzikausha, ilimradi shanga zake zitolewe kifukoni na kuokwa kwanza kwa nyuzi 120 kwa saa mbili. Gawa chumvi kwenye neli tano au sita zilizozibwa kwa nta siku ile ile ya kuitengeneza, usiiweke yote kwenye chupa moja itakayofunguliwa kila kipindi.